Kombora la Kilomita 400, Macho ya Kilomita 54

Tangu mji wa Goma, mashariki mwa Kongo, uangukie mikononi mwa waasi wa M23 mwezi Januari 2025, kuna hoja imezagaa kuanzia vijiwe vya kahawa vya Kasulu mjini hadi stendi ya Kibondo, na imepanda mpaka kwenye makundi ya simu ya watu wanaojiita wachambuzi wa usalama. Inasema Tanzania inunue makombora ya masafa marefu ya kutungua ndege, yale yanayobebwa kwenye malori makubwa, S-300 au mdogo wake S-400, iyapange kwenye milima ya Buha, huku mkoani Kigoma, na magharibi yote italala fofofo. Hoja ina mvuto. Video zake zipo, lori linasimama, mapipa manne yanainuka, moshi, kombora hilo limekwenda. Ukiipinga unaonekana hupendi nchi yako.

Mimi naipinga. Sisemi hivyo kwa kuwa naogopa silaha, wala sidhani kwamba jirani zetu wote ni malaika. Naipinga kwa sababu wanaoisukuma hawajajishughulisha kujua mtambo huo uliundwa kwa kazi gani, na baadhi yao hawajawahi kufika Buha.

Kwanza niwape haki yao. Hofu yao haikutoka hewani. Januari 2023 ndege ya kivita ya Kongo aina ya Su-25 ilirushiwa kombora kutoka Rwanda jirani kabisa na Goma, ikatua huku inawaka. Februari 2024 waraka wa Umoja wa Mataifa uliovuja kwenye vyombo vya habari ulisema droni ya walinda amani ilirushiwa kombora kutoka kwenye gari la kijeshi linaloshukiwa kuwa la Rwanda, na siku chache baadaye Marekani ikaitaka Kigali iondoe mitambo yake ya kutungua ndege mashariki mwa Kongo. Kigali nayo ikajibu kwamba imeimarisha ulinzi wa anga kwa kuwa Kongo imenunua droni za Kichina. Kwa hiyo kijana wa bodaboda aliponiuliza pale Kibondo, "Mzee, wenzetu wana vyao, sie tuna nini?", hakuwa anaropoka. Swali lake ni halali kabisa. Tatizo ni jibu analopewa.

Tazama kwanza hivyo "vyao". Silaha zilizotajwa katika visa hivyo viwili ni za masafa mafupi, nyingine ya kubebwa begani, nyingine ya kufungwa kwenye gari la magurudumu sita. Hakuna hata moja inayofika kilomita mia. Anayetaja Goma kama sababu ya kununua S-400 anatoa ushahidi unaomkana mwenyewe.

Sasa tuje kwenye mtambo wenyewe. Wasovieti walianza kuufikiria S-300 mwishoni mwa miaka ya 1960, wakiwa na vidonda viwili. Cha kwanza kilikuwa Vietnam. Makombora yao ya S-75, yaleyale yaliyomwangusha jasusi wa Kimarekani Gary Powers tarehe 1 Mei 1960, yalikuwa yanakaa mahali pamoja, na Wamarekani wakishapajua mahali hapo wanarudi na mabomu. Wavietnam walijifunza kufungua mitambo usiku na kuihamisha, kazi ya saa nyingi na jasho jingi. Kidonda cha pili kilikuwa ndege za kuruka chini na makombora ya kuambaa na ardhi, ambayo rada za wakati ule ziliyaona yakiwa yameshafika mlangoni. Ofisi ya usanifu ya Almaz, chini ya Boris Bunkin, na ile ya Fakel ya Pyotr Grushin iliyotengeneza kombora lenyewe, zilipewa kazi ya kuponya vidonda vyote viwili.

Toleo la kwanza, S-300PT, lilianza kazi mwishoni mwa miaka ya 1970. Lilivutwa kwa matela, na kulipanga tayari kwa kufyatua kulichukua zaidi ya saa nzima. Ndipo mapema miaka ya 1980 likaja S-300PS, lililopandishwa juu ya malori ya MAZ-543 yenye magurudumu manane, na muda ukashuka hadi dakika kama 5. Hapo ndipo sifa ya kuhamahama ilipopatikana kweli. Lakini masafa ya makombora yake ya mwanzo yalikuwa kilomita 47, kisha 75, kisha 90. Hizo kilomita 400 wanazozitaja vijiweni ni za kombora moja la S-400, lililoingia kazini miaka ya karibuni tu, na limekusudiwa ndege kubwa zinazoruka juu sana na mbali sana, kama zile zinazobeba rada na zile zinazojaza ndege nyingine mafuta angani. Nani Kigoma ameona ndege ya namna hiyo ikija kutushambulia?

Kuna kifaa kimoja katika familia hiyo ambacho wapenda video hawakionyeshi. Ni mlingoti. Wahandisi wa S-300 walitengeneza mnara wa chuma wa kuvutwa na lori, wenye urefu wa karibu mita 24, na mwingine wa karibu mita 39, kwa kazi moja tu ya kuipandisha antena ya rada juu. Waundaji wenyewe walijua kwamba kombora haliendi mbali kuliko macho yake, na macho ya rada yanazuiwa na umbo la dunia kama yanavyozuiwa yako na yangu.

Hesabu yake si siri, mwanafunzi wa kidato cha pili anaiweza. Chukua kipeuo cha pili cha kimo cha antena kwa mita, jumlisha na kipeuo cha pili cha kimo cha ndege kwa mita, zidisha kwa 4.12. Jibu ni kilomita ambazo rada itaanza kuiona ndege, ikiwa ardhi ni bapa kama bahari. Antena ya mita 9 na ndege ya mita 100: tatu jumlisha kumi ni kumi na tatu, mara 4.12, karibu kilomita 54. Weka antena juu ya mlingoti wa mita 25 unapata karibu 62. Droni ikishuka hadi mita 25 juu ya ardhi, ile antena ya mita 9 itaiona ikiwa kilomita 33. Hapo tumejifanya Buha ni bapa.

Buha si bapa. Aliyewahi kusubiri ndege ndogo katika kiwanja cha Kibondo anajua inavyokuja. Unaisikia kwanza. Watu wanageuka huku na huku, mmoja anaonyesha kaskazini, mwingine anabisha, mbuzi wanafukuzwa njiani, halafu ghafla hiyo hapo, imeshachomoza juu ya miti, imeshashusha magurudumu. Ni ndege ya abiria, inaruka kwa kibali, haina sababu ya kujificha, na bado matuta na mabonde yanaificha hadi dakika ya mwisho. Rubani mwenye nia mbaya akipita kwenye bonde la Malagarasi au akiambaa na migongo ya milima inayoshuka kutoka Burundi, rada iliyo Kasulu itamwona lini?

Nimeshajibiwa: basi rada iwekwe kileleni, Heru Juu au milima ya Manyovu. Sawa. Kileleni itaona mbali zaidi, lakini kilele chenye barabara ya kupandisha lori lenye tani zaidi ya 40 hakipatikani kila mahali, na kikipatikana ni kilekile kila siku. Mtambo ulionunuliwa kwa bei ya juu kwa sababu unahama utakuwa umefungwa kwenye kilele kimoja ambacho kila mchunga ng'ombe wa pande zote mbili za mpaka anakijua. Msimu wa masika ndio kabisa. Lami ya kutoka Kasulu kwenda Kibondo hadi Nyakanazi tumeipata juzi baada ya miaka mingi ya vumbi jekundu, lakini ukiiacha lami kilomita moja tu mwezi Machi, utelezi wa huku haujali lori lina magurudumu mangapi.

Kwamba gari lina magurudumu haimaanishi linahama, na Syria ililipa kuujifunza ukweli huo. Tarehe 9 Juni 1982, katika bonde la Bekaa, Israeli iliharibu vikosi 17 kati ya 19 vya makombora ya Syria kwa siku moja. Mingi ya mitambo ile ilikuwa ya kuhama, ileile iliyoitesa Israeli mwaka 1973. Lakini ilikuwa imechimbiwa mahandaki na kukaa mahali pamoja kwa muda mrefu, na Waisraeli walikuwa wameirushia droni, wakaipiga picha na kusikiliza rada zake mpaka wakaijua kama wanavyojua mitaa ya kwao.

Linganisha na Serbia. Tarehe 27 Machi 1999 kikosi kilichoongozwa na Kanali Zoltán Dani kiliitungua F-117, ndege ya Kimarekani ambayo rada zilisemekana haziioni. Silaha yao ilikuwa S-125, mtambo ulioanza kazi miaka ya 1960, wa masafa yasiyofika kilomita 30. Lakini walikuwa wanahama bila kuchoka, na amri ilikuwa rada isiwashwe zaidi ya sekunde chache kila mara. Masafa yao yalikuwa madogo. Tofauti ilikuwa ni watu, mazoezi yao, na ubishi wao wa kutokaa mahali pamoja. Vijiweni sijamsikia anayedai tununue mazoezi.

Na hapa ndipo hoja ya masafa marefu inapogeuka kutoka upuuzi kuwa hatari. Mtambo wa kutungua ndege una kazi mbili, kupiga na kujua unampiga nani, na ya pili ndiyo ngumu. Sisi tunalijua hili kwa damu yetu. Mwishoni mwa 1978, vita ya Kagera ikiwa imeanza, ndege tatu za kivita za Tanzania ziliangushwa karibu na Musoma na walinzi wetu wenyewe waliodhani ni za Idi Amin wa Uganda. Hata mabingwa hawakusalimika: siku ileile ya Gary Powers, Wasovieti walimwangusha na rubani wao Sergei Safronov aliyekuwa anamfukuza adui huyo. Mei 1987, nchi iliyokuwa imesambaza S-300 kuuzunguka mji wake mkuu ilimshuhudia kijana wa Kijerumani wa miaka 18, Mathias Rust, akitua na kindege cha kukodi jirani na Kremlin. Rada zilimwona. Waliokaa mbele ya rada ndio hawakuelewana kama ni rafiki au adui. Miaka hii kosa limeegemea upande wa pili, wa kufyatua kwanza: ndege ya Malaysia juu ya Ukraine, Julai 2014, watu 298, ndege ya Ukraine iliyotoka Tehran, Januari 2020, watu 176. Wote abiria na wahudumu, wote kwa mitambo ya kuhamahama, na mitambo hiyo haifiki hata nusu ya masafa ya S-400.

Sasa pima ramani. Kutoka Kasulu hadi Bujumbura kwa mstari wa angani ni kama kilomita 155. Hadi Kigali ni kama 290, na Goma haifiki 350. Maana yake ni kwamba kombora la kilomita 400 likiwa Kasulu, kila ndege ya abiria inayoshuka Kigali au Bujumbura, kila ndege ya misaada inayokwenda Kivu, inaingia kwenye duara la kidole cha afisa mmoja wa Kitanzania ambaye labda hajalala. Mwambie Mrundi au Mnyarwanda kwamba huo ni ulinzi tu. Eneo hili linajua bei ya ndege moja iliyotunguliwa. Jioni ya tarehe 6 Aprili 1994 ndege aina ya Falcon 50 ilikuwa inatoka Dar es Salaam, kwenye mkutano uliofanyika kwetu, ikiwa na Juvénal Habyarimana wa Rwanda na Cyprien Ntaryamira wa Burundi. Ilitunguliwa ikikaribia kutua Kigali, kwa makombora ya kubebwa begani, na nani aliyafyatua ni ubishi ambao haujaisha hadi leo. Kilichofuata kila mtu anakijua. Kabla mwezi haujaisha, watu wapatao robo milioni walikuwa wamevuka daraja la Rusumo kuingia Ngara, kaskazini ya Kibondo, ndani ya muda wa kama siku moja.

Kibondo na Kasulu wenyewe walikuwa wameshaanza kupokea watu mapema zaidi, baada ya Rais Melchior Ndadaye wa Burundi kuuawa na askari wa nchi yake Oktoba 1993. Majina ya makambi ya wakimbizi yanatosha kusimulia historia yetu ya usalama: Mtabila, Muyovosi, Kanembwa, Nduta, Mtendeli, Nyarugusu. Katika matishio yaliyojaza makambi hayo, hakuna hata moja lililokuja kwa ndege. Mengi yalikuja kwa miguu, kupitia njia za Manyovu na Mabamba, watu wamebeba magodoro na watoto, na nyuma yao, mara nyingine, vijana wenye bunduki waliojichanganya. Mwaka 2015 yakarudi hivyohivyo. Na Aprili 2024 SADC ilipotangaza vifo vya askari wetu watatu waliokuwa kwenye kikosi chake mashariki mwa Kongo, kilichowaua kilikuwa bomu la mota lililoangukia karibu na kambi yao. Silaha ya bomba na sahani, inayobebwa na watu wachache. Hiyo S-400 ingeisaidia nini?

Wapo wanaonikumbusha Mwanza, na wanastahili jibu. Mwishoni mwa Machi 1979 Gaddafi wa Libya, katika kumwokoa Amin, alituma ndege ya mabomu aina ya Tu-22 ipige Mwanza. Mabomu yalikosa shabaha yakaangukia kisiwa cha Saanane na kuua swala. Ni kweli tulibahatika, na ni kweli hiyo ni aina ya adui ambaye mitambo ya masafa ya kati na marefu iliundwa kwa ajili yake: ndege kubwa, inayokuja kutoka mbali, ikielekea mji wenye matangi ya mafuta. Kwa hiyo anayetaka kujadili ulinzi wa anga wa Mwanza, wa bandari ya Dar es Salaam, wa Bwawa la Nyerere kule Rufiji, nitakaa naye tujadili, na huenda tukakubaliana. Milima ya Buha ni mjadala mwingine. Msichukue bomu la Mwanza mkalipeleka Kibondo.

Tena tuongee pesa, maana hapa Watanzania tuna kumbukumbu nzuri kuliko tunavyosifiwa. Uturuki ilinunua S-400 kwa makubaliano ya mwaka 2017 yenye thamani ya karibu dola bilioni 2.5. Sisi tuliwahi kununua mtambo wa kutazama anga, ile rada ya kampuni ya BAE ya pauni milioni 28, na tukaishia kwenye kashfa iliyorudisha pauni milioni 29.5 ambazo mitaani ziliitwa chenji ya rada na zikanunua vitabu na madawati. Kama rada moja ilitufanyia hivyo, fikiria mawakala watakaojipanga foleni kwenye mkataba wa mabilioni ambao, kwa kuwa ni wa kijeshi, hakuna mbunge atakayeruhusiwa kuusoma.

Nadai kitu kingine, na hakipigi picha nzuri. Tunahitaji macho. Aprili 2018 ilizinduliwa kazi ya kufunga rada nne za kiraia, Dar es Salaam, Kilimanjaro, Mwanza na Songwe, mradi wa shilingi bilioni 67.3. Ni kazi nzuri. Lakini Kasulu iko karibu kilomita 390 kutoka Mwanza, na kwa hesabu ileile ya vipeuo, rada iliyo Mwanza haiwezi kuona kitu juu ya Kasulu kikiwa chini ya mita 7,000 hivi. Ndege ndogo zote za Buha, droni zote, helikopta zote, ziko chini ya hapo. Hivyo leo mtu akikupa S-400 ya bure, utakuwa na mkono mrefu na hujui wa kumpiga. Ukraine, inayopigwa na droni kila usiku, imefunga maelfu ya vipaza sauti juu ya nguzo ili kusikia mlio wa injini na kujua droni inaelekea wapi. Buha tuna minara ya simu kwenye vilele, tuna umeme wa jua, na tuna watu wanaosikia ndege kabla ya kuiona. Rada chache ndogo za kuzibia mabonde, vipaza sauti juu ya minara hiyo, simu moja ya kuaminika kati ya waongoza ndege na jeshi, silaha za masafa mafupi mikononi mwa askari waliofanya mazoezi hadi wakachoka: bei ya vyote hivyo ni chembe ya bei ya ile video.

Limebaki jibu lao la mwisho, kwamba hata lisipofyatuliwa, kombora linatisha, na kutisha kunatosha. Wasaiprasi waliamini hivyo. Januari 1997 walitia saini kununua S-300 kutoka Urusi ili kuitisha Uturuki. Uturuki haikutishika; ilitishia kuipiga kabla haijapangwa, na karibu miaka miwili ikaliwa na mgogoro uliowahusisha Ugiriki, Urusi na Marekani kwa pamoja. Desemba 1998 waliamua isiende Saiprasi, ikapelekwa kisiwa cha Krete kwa Wagiriki. Mara ya kwanza Wagiriki kufyatua kombora kati ya yale ilikuwa Desemba 2013, kwenye mazoezi, kuelekea shabaha waliyoirusha wenyewe.